Barua kwa mwanangu: kuhusu hiyo miaka 20

Mwanangu,

Meseji yako nimeisoma mara mbili, nikiwa mapumziko kazini. Unasema kocha wa futiboli ya Kimarekani hapo chuo kakuona unakimbia mita 200, anataka ucheze difensi, mstari wa mbele kabisa, na we unauliza, baba nina miaka 20 na huo mpira sijawahi hata kuugusa, si nishachelewa?

Hivi umemsahau Ziggy Ansah? Namba 94 wa Lions, timu ya futiboli ya hapa, we ulikuwa mdogo, tuna miaka michache tu hapa Detroit, Jumapili tunamshangilia kwa sababu moja tu, Mwafrika mwenzetu. Mzaliwa wa Accra yule. Alienda chuo cha BYU kule Utah 2008 akili yote iko kwenye basketi, akajaribu timu wakamkata, akarudi tena wakamkata tena, akaingia kwenye riadha kama wewe, ndo 2010 akatua kwenye futiboli, ana miaka 21, skolashipu hana, na zile pedi za mabega hajui hata zinavaliwaje mpaka aonyeshwe. Aprili 2013 Lions wakamchukua wa 5 kwenye drafti nzima, pale timu za ligi kuu zinapochagua wachezaji wa vyuo kwa zamu. Miaka mitatu tu hapo!

Uliwahi kuniuliza kwa nini anainama mkono mmoja kwenye nyasi kama anasubiri mlio wa kuanza mita 100. Ndo hivyo hivyo mwanangu, na ndo alichokiona kocha wako. Mbio zake ni hatua chache tu mpaka kwa kwotabeki, yule anayerusha mpira, ila katikati hapo limesimama jitu la kilo 140 linalolipwa kukuzuia, na ukichelewa sekunde tatu mpira ushatoka. 2015 Ziggy aliangusha kwotabeki mara 14 na nusu (ile nusu ni mkimwangusha wawili, mnagawana).

Kwa hiyo kuchelewa hujachelewa. Mi ninachoogopa ni kingine. 2016 kifundo cha mguu kikamsumbua, akaangusha mara 2 tu msimu mzima. 2018 Lions wamempa mkataba wa mwaka mmoja, zaidi ya dola milioni 17, mechi ya kwanza tu bega likaumia. Akaenda Seattle, halafu 2020 San Francisco, huko msuli wa mkono ukachanika na ndo ikawa basi, ana miaka 31. Tangu avae pedi mara ya kwanza ni miaka kumi, na huyo ni mtu wa kilo mia na ishirini na kitu, karibu mita mbili, sio wewe unayeishi kwa noodles.

Sikukatazi. Ila kabla hujasaini chochote muulize kocha ukivunjika nani analipa hospitali, na skolashipu wanaanza kuiongelea lini, maana wanaoingia kwa kujaribu bahati kama Ziggy wanafanya mazoezi yale yale na ada wanalipa wenyewe. Na uhasibu usiache, yule bwana mwenyewe alikuwa anasoma takwimu.

Mama yako sijamwambia bado. Kaniona nacheka na simu akauliza nani huyo, nikasema wewe, unaomba hela. Kwa hiyo mpigie mwenyewe, Jumapili baada ya kanisa anakuwa na mudi nzuri.

Baba