Re: Siku ya tano bila fegi, mbona nalia ovyo?
Ndugu yangu hujachanganyikiwa. Umeuliza mbona siku ya tano tu bila sigara unalia ovyo na kugombana na kila mtu, mi nakwambia ni nikotini hiyo inadai, ubongo ulizoea kupewa kila saa sasa umenyimwa lazima uvurugike. Wiki ya kwanza ndo mbaya kuliko zote, kwa wengi hasira na huzuni vinapungua ndani ya wiki 2 mpaka 4 hivi.

Kitu ambacho mi sikuambiwa na mtu ni ile hali ya kama umefiwa. Nikimaliza kula mkono unaenda wenyewe mfukoni, unapapasa, hamna kitu, basi machozi yananilenga, maana ile pakiti nilikuwa nayo miaka yote ya upweke. Kwa hiyo we lia tu, usione aibu.

Hamu ikija kali haikai, ni dakika chache, kunywa maji taratibu au toka utembee mpaka ipite. Na waambie wa nyumbani mapema kwamba ukifoka sio wao. Ila huzuni ikigoma kuondoka au ukianza kuwaza kujidhuru muone daktari haraka, tafadhali sana.