Dua ya Kisanskriti kabla ya dansi: taa ziwake lini, zizimwe lini?

SWALI: Mwalimu, habari za kazi. Mimi ni fundi wa taa na sauti katika ukumbi mmoja hapa Nairobi. Tumekodishwa kwa arangetramu, onyesho la kwanza la binti anayehitimu dansi ya Bharatanatyamu. Nimeletewa ratiba inayoanza na "shloka, pushpanjali, alarippu", pamoja na maelekezo kwamba jukwaani kutakuwa na sanamu ya Nataraja (mungu Shiva akicheza dansi), taa ya mafuta yenye moto wa kweli, ubani na kafuri. Nitajuaje dua imekwisha na dansi imeanza, nisije nikakata maneno ya watu katikati? Sanamu ikae wapi? Moto naweza kuubadilisha na taa ya betri? Na huo mwanzo wote ni ibada, au ni sehemu ya onyesho?

JIBU: Ndugu fundi, tuanze na linalokubana zaidi, yaani alama ya kubadilisha taa. Hapo usitegemee macho, tegemea masikio. Shloka, ule ubeti wa Kisanskriti wa kufungulia, huimbwa bila mapigo; pushpanjali, dansi ya kutoa maua, na alarippu, dansi fupi ya kufungulia, ndizo zenye mapigo. Mwimbaji anavuta sauti apendavyo juu ya mvumo wa tambura, ala ya nyuzi (siku hizi mara nyingi ni kisanduku cha umeme), ngoma ya mridangamu imenyamaza au inaguswa kidogo tu, na mwenye matoazi, ambaye ndiye kiongozi wa wanamuziki, ametulia. Akiyagonga matoazi na kuanza kutamka silabi zake za haraka, tala, yaani mzunguko wa mapigo, imeingia. Hapo ndipo penye mabadiliko yako makubwa ya taa. Kabla ya hapo, kila badiliko liwe la polepole, lifuate pumzi ya mwimbaji, maana hakuna pigo la kuegemea.

Kuna familia zinazotanguliza mantra ya Veda, maandiko matakatifu ya kale ya Wahindu, isomwe na kuhani wao. Hiyo ni kitu kingine. Mantra ya Veda ina toni zake, nazo zimepokezanwa kwa mdomo kwa maelfu ya miaka kwa uangalifu mkubwa mno, kiasi kwamba UNESCO iliutangaza usomaji huo kuwa urithi wa simulizi wa binadamu mwaka 2003. Ikisomwa, usiguse kitu chochote, si taa wala sauti. Mara nyingi humalizika kwa neno "shanti" likitamkwa mara tatu, basi ngoja la tatu.

Sasa shloka yenyewe. Kuna moja utakayoisikia katika maonyesho mengi ya Bharatanatyamu, na inafaa uijue kwa masikio:

Angikam bhuvanam yasya
vachikam sarva vangmayam
aharyam chandra taradi
tam numah satvikam shivam

Maana yake ni hii: yeye ambaye mwili wake ni ulimwengu, usemi wake ni lugha yote, mapambo yake ni mwezi na nyota, huyo tunamsujudia, Shiva aliye safi. Hesabu silabi utapata 32, nane kwa kila kipande, kwa hiyo hata kama hujui Kisanskriti unaweza kufuata vipande vinne na kujua umebakiwa na kiasi gani. Kwenye kipande cha tatu mikono ya mchezaji huchora mwezi na nyota, tena mara nyingi juu ya usawa wa kichwa. Ukiwa umembania mwanga kifuani tu, watazamaji wataukosa mwezi.

Ubeti huo ndio unaojibu lile swali lako la mwisho. Umetoka katika Abhinaya Darpana, kitabu kinachohusishwa na Nandikeshvara, nacho ni kitabu cha ufundi: kinafundisha namna ya kushika vidole, kugeuza shingo na kutembeza macho. Yale maneno manne, angika, vachika, aharya na satvika, ndizo njia nne ambazo mchezaji anatumia kufikisha ujumbe, yaani mwili, sauti, mavazi na mapambo, na hisia za ndani. Kwa hiyo binti anayesujudu pale anamwomba Mungu na papo hapo anataja somo zima alilosomeshwa. Ukitaka kuchora mstari hapa ibada, hapa sanaa, utahangaika bure. Waliotunga hawakuuchora.

Tukirudi nyuma zaidi tunaifikia Natyashastra, kitabu mama cha tamthilia na dansi za India, kinachonasibishwa na Bharata. Wasomi wengi hukiweka kati ya karne ya 2 kabla ya Kristo na karne ya 2 baada yake. Sura ya kwanza inasimulia kwamba Brahma, mungu muumba, aliunda sanaa ya jukwaa kwa kuchukua matamshi kutoka Rigveda, uimbaji kutoka Samaveda, uigizaji kutoka Yajurveda na ladha ya hisia kutoka Atharvaveda. Igizo la kwanza kabisa lilipochezwa, pepo wabaya walikasirika kwa kuonyeshwa wakishindwa vitani, wakawafunga waigizaji viungo na ndimi. Indra, mfalme wa miungu, akawaponda kwa fimbo yake. Baada ya hapo ikaamriwa jumba la maonyesho lijengwe, na kila sehemu yake, milango, nguzo, jukwaa, ipewe mungu wa kuilinda.

Sura ya tatu inaeleza ibada ya kulizindua jukwaa jipya, na hapa kuna jambo ambalo fundi wa taa hapaswi kulikosa. Mtungi wa maji unawekwa katikati ya jukwaa, kisha unavunjwa. Ukivunjika, mwalimu wa tamthilia anachukua taa inayowaka na kuizungusha hadi jukwaa lote limulikwe, huku ngoma na baragumu zikilia. Kazi yako, ndugu yangu, imo katika maandiko, na imepewa kiongozi wa kundi mwenyewe. Ndiyo sababu sitaki uichukulie ile taa ya shaba kama pambo la meza.

Kutoka kwenye mafundisho hayo tamthilia za Kisanskriti zilipata nandi, ubeti wa baraka unaotangulia igizo. Mfano mzuri kuliko yote, kwa maoni yangu, ni nandi ya Shakuntala, tamthilia ya Kalidasa. Anamwomba Shiva awalinde watazamaji kwa maumbo yake manane yanayoonekana: maji, ambayo ndiyo yaliyoumbwa kwanza; moto, unaobeba sadaka; mtoa sadaka mwenyewe; jua na mwezi, vinavyopanga wakati; anga, lenye sifa ya sauti; ardhi, chimbuko la mbegu zote; na hewa, ambayo kwayo wenye uhai huvuta pumzi. Ubeti ukiisha, msimamizi wa jukwaa anaingia na kuanza kuzungumza na mwigizaji kuhusu kazi ya jioni hiyo. Ulimwengu mzima umetajwa, halafu mara moja tuko kazini.

Maumbo matano kati ya hayo, ardhi, maji, moto, hewa na anga, ndiyo asili tano ambazo Wahindu husema kila kitu kimetokana nazo. Kusini mwa India kuna mahekalu matano ya Shiva, kila moja la asili mojawapo: Kanchipuram ni ardhi, Thiruvanaikaval ni maji, Tiruvannamalai ni moto, Srikalahasti ni hewa, na Chidambaram ni anga. Chidambaram ndiyo nyumbani kwa Nataraja, Shiva mcheza dansi, na kwenye malango ya minara yake kumechongwa mikao 108 ya dansi inayoelezwa na Natyashastra. Kando ya sanamu yake kuna pazia, na nyuma ya pazia hakuna sanamu yoyote, ila vigwe vya majani ya dhahabu vinavyoning'inia mahali patupu. Anga haichongeki.

Ukivitazama vitu ulivyoorodheshewa kwa jicho hilo, vinajipanga vyenyewe. Kama kuna mtungi wenye nazi na majani ya mwembe, humo mna maji. Taa ni moto. Ubani unapanda na hewa. Ardhi ni mbao za jukwaa lako, na binti ataziomba radhi. Mwanzoni atachuchumaa, aguse sakafu kwa vidole kisha ayaguse macho yake. Baadhi ya walimu huambatanisha kitendo hicho na ubeti unaomwita Ardhi mungu mke aliyevaa bahari, mke wa Vishnu, na kumalizia "padasparsham kshamasva me", nisamehe kukugusa kwa miguu. Atakuwa anaikanyaga kwa nguvu saa mbili au zaidi, kwa hiyo msamaha unaombwa mapema. Kitendo chenyewe ni cha sekunde chache na kinafanyika chini kabisa, basi hakikisha mwanga wa mbele unafika sakafuni.

Sanamu kwa kawaida hukaa kona ya mbele, upande ulio mkabala na wanamuziki, juu ya kimeza chenye kitambaa. Imulike kwa mwanga wake peke yake, wa rangi ya joto, usiozimika kipindi chote hata jukwaa likiwa giza. Nataraja ana moto katika mkono mmoja wa nyuma na kingoma katika mwingine. Mwanga ukitoka juu moja kwa moja, mikono ya mbele itatia kivuli mguu ulioinuliwa, na mguu huo ndio waumini wanaoutazama. Mulika kwa pembeni.

Juu ya moto wa betri, uamuzi ni wa mwalimu wa binti na kanuni za jengo lenu, lakini usilipeleke ombi hilo kana kwamba unabadilisha balbu. Moto katika dini hii ni mpokeaji wa sadaka na shahidi. Mimi hupendekeza moto wa kweli kwa dakika za ufunguzi, kwenye sinia lenye mchanga, mbali na pazia na mbali na feni, halafu uzimwe kama jengo haliruhusu zaidi. Usiuzime kwa kuupuliza. Utambi huzamishwa katika mafuta au hufunikwa kwa ua, na kazi hiyo waachie wenyewe. Kinachohitaji uangalifu kuliko taa ni kafuri: huwaka ghafla na mwali wake ni mkubwa kuliko unavyodhania, kwa hiyo mtu wa zimamoto wa ukumbi ajue dakika itakapowashwa, na vitambua moshi vishughulikiwe kwa idhini yake, si kwa kuvifunika kimyakimya.

Wasaidizi wako wavue viatu wakipita jukwaani baada ya taa kuwashwa. Njuga za mchezaji zimeombewa. Msizisogeze kwa mguu wala kuziruka, na mridangamu vivyo hivyo. Upande wa sauti, punguza mwangwi kwenye maikrofoni ya mwimbaji. Mizani ya beti za Kisanskriti inategemea sana irabu fupi na ndefu, na mwangwi mwingi huzifanya zote kuwa ndefu.

Jambo moja zaidi kabla hujamwona mwalimu wake. Si kila kitu katika ufunguzi huo ni cha kale kama watakavyokuambia. Mpangilio wa Bharatanatyamu uliwekwa sawa na ndugu wanne wa Thanjavur mwanzoni mwa karne ya 19, nao unaanza na alarippu. Pushpanjali ilikuja kutangulizwa baadaye. Dansi yenyewe, ikiitwa sadir, ilichezwa na wanawake wa mahekaluni na katika mabaraza ya wafalme, hadi ilipohamia majumba ya maonyesho ya Madras katika miaka ya 1930. Rukmini Devi Arundale, aliyepanda jukwaani mwaka 1935 na kuanzisha shule ya Kalakshetra mwaka uliofuata, ndiye anayetajwa sana kwa kuleta sanamu ya Nataraja jukwaani: dansi ilikuwa imetoka hekaluni, naye akaleta hekalu kwenye dansi. Mwenzake mkubwa wa zama hizo, T. Balasaraswati, mzaliwa wa ukoo wa wachezaji wenyewe, alikuwa na mtazamo mwingine. Kwake mpangilio wa dansi ulikuwa hekalu tayari: alarippu ni mnara wa langoni, na ukifika kwenye varnamu, dansi ndefu ya katikati, umeingia patakatifu. Mimi namwelewa zaidi huyu wa pili. Kwa hiyo ukikutana na kundi lisiloleta sanamu, usidhani wamesahau. Na ukikodishwa kwa Odissi, dansi ya mashariki mwa India, tarajia sanamu ya mungu Jagannath mahali pa Nataraja.

Mwombe mwalimu akuandikie maneno mawili ya mwisho ya kila ubeti atakaoutumia. Kama ni ule wa kumsifu mwalimu, unaoanza "Gurur Brahma", utaishia "gurave namaha". Ule niliokuandikia juu utaishia "satvikam shivam". Yabandike kwenye meza yako ya mitambo. Mwisho wa shughuli kuna wimbo wa kufungia uitwao mangalamu, na baada yake binti atagusa tena sakafu. Watu watapiga makofi mapema na watoto wataanza kusimama, lakini taa za ukumbi usiwashe mpaka amenyanyuka.