Muulize Mwongozaji: Umejuaje?

Maswali yaliyonifikia safari hii karibu yote yanahusu kutembelea miji midogo ya kale kwa miguu pamoja na mwongozaji. Nimechagua machache. Yale yaliyojirudia nimeyajibu mara moja na yameisha.

Nina simu, nina ramani, na kila jengo lina maelezo yake mtandaoni. Mwongozaji wa nini?

Wa kukuonyesha kitu ambacho hukujua kuwa ni cha kutazamwa. Simu itakupa mwaka na jina la aliyejenga, lakini haitakuinamisha. Pale Pompeii, mji wa kale wa Italia uliofukiwa na volkano ya Vesuvius mwaka 79, wageni hupita juu ya mawe makubwa ya kuvukia barabara, wakapiga picha, wakaenda zao. Mwongozaji anayeijua kazi yake huchuchumaa. Anatia kidole kwenye mfereji uliochimbwa na magurudumu ya mikokoteni, halafu anakuonyesha ubavu wa jiwe la kuvukia, jinsi ulivyolika upande mmoja zaidi ya mwingine. Gurudumu lilikuwa likikwaruza hapo siku nenda siku rudi. Kwa alama za namna hiyo watafiti wamebaini mikokoteni ilikuwa ikipita upande upi wa barabara. Ukishaiona alama hiyo mara moja, hutapita tena kwenye barabara ya mawe bila kutazama chini.

Lamu ni hivyo hivyo. Utasoma popote kwamba vyumba vya nyumba za kale ni virefu na vyembamba. Inua macho utazame dari, sababu unayo: boriti za mikoko. Urefu wa boriti inayoweza kubeba dari zito la mawe ya matumbawe na chokaa ndio uliopanga upana wa chumba, na kwa kawaida haufiki mita 3. Msituni ndiko nyumba ilikopimwa.

Ila nina sharti. Nenda na kikundi kidogo. Watu 10 wataona kidole kilipoelekea. Watu 40 wataona mgongo wa aliyewatangulia. Mwaka 2024 Venice, Italia, ilianza kutaka vikundi vya matembezi visizidi watu 25, na vipaza sauti ikavipiga marufuku. Hata hao 25 kwangu ni wengi mno kwa kichochoro.

Nivae viatu gani?

Vilivyokwisha kuuzoea mguu wako, vyenye soli isiyoteleza. Swali hili nimelijibu mara nyingi. Tafadhalini, someni yaliyotangulia kabla ya kuuliza.

Mwongozaji alituonyesha dirisha lililozibwa ghorofani, akasema binti wa mwenye nyumba alifungiwa humo mpaka akafa. Wenzangu waliguswa sana. Mimi nilibaki na shaka, nikaona haya kusema. Nitajuaje kama ni kweli?

Ungemuuliza neno moja: umejuaje? Usiulize kwa ukali wala kwa kumvizia. Uliza kama unavyomuuliza fundi alivyojua bomba limepasukia wapi. Mwongozaji mzuri hufurahia swali hilo, kwa kuwa ndipo anapopata nafasi ya kukupa kilicho bora kuliko hadithi. Asiye mzuri atakwambia "ndivyo tunavyosema hapa." Basi umeshajibiwa.

Niliwahi kusimama chini ya dirisha kama hilo, na kisa kilikuwa kinafanana na chako. Tulipomaliza nikarudi peke yangu nikalitazama vizuri. Dirisha lililozibwa baadaye huacha kovu: mstari wa mshono ambapo ukuta wa zamani unakutana na kizibo, na mara nyingi mawe au matofali ya rangi na kipimo tofauti. Lile halikuwa na mshono hata kidogo. Mistari ya matofali ilitoka ukutani ikapita katikati ya "dirisha" bila kukatika. Halikupata kuwa wazi hata siku moja. Fundi alilijenga hivyo hivyo pamoja na ukuta, umbo la dirisha tu, ili upande wa kulia ulingane na wa kushoto. Hakukuwa na chumba nyuma yake wala binti ndani yake.

Na msikimbilie upande wa pili pia. Uingereza ilitoza kodi ya madirisha kuanzia 1696 mpaka 1851, na ni kweli wapo walioziba madirisha ili kuipunguza. Lakini siku hizi kila dirisha lililozibwa linaelezwa kwa kodi, hata lile ambalo mshono wake unaonyesha liliwahi kuwa mlango. Sababu ya kweli kwa nyumba moja si sababu ya kweli kwa mtaa mzima.

Sipingi masimulizi. Ninachopinga ni kuyachanganya na kumbukumbu bila kusema. Rothenburg, Ujerumani, wageni husimuliwa kwamba mwaka 1631, katika Vita vya Miaka 30, meya mmoja wa zamani aliuokoa mji usiteketezwe na jemadari Tilly kwa kunywa zaidi ya lita 3 za mvinyo kwa mkupuo mmoja. Tilly aliuteka mji ule kweli. Habari ya ule mkupuo haimo katika maandishi ya wakati huo, na iliyoupa umaarufu ni mchezo wa jukwaani ulioanza kuigizwa mwaka 1881. Mwongozaji akikueleza yote hayo, amekupa mambo matatu: vita, simulizi, na mji wa karne ya 19 uliolihitaji simulizi lile. Akikupa mkupuo peke yake, amekunyima mawili.

Bagamoyo nako, watu wanabishana juu ya jina lenyewe. Wapo wanaosema "bwaga moyo" ni kilio cha mateka waliokata tamaa walipoiona bahari. Wapo wanaosema ni wapagazi wa misafara ya pembe za ndovu waliotua mizigo na roho ikatulia baada ya miezi ya kutembea kutoka bara. Mwongozaji atakayekupa maana moja na kukuapia kwamba ndiyo, amekuficha mjadala, na mjadala huo ndio unaokufundisha nani alipita pale na kwa sababu gani.

Matembezi "ya bure" ni bure kweli?

Hapana. Mwongozaji anaishi kwa bakshishi, na mara nyingi anamlipa mwenye kampuni kiasi fulani kwa kila kichwa kilichojitokeza, iwe kichwa hicho kimetoa kitu au hakikutoa. Maana yake ni kwamba ukitoweka kimya kimya kabla ya kituo cha mwisho, umemwachia deni mtu aliyekuhudumia saa mbili. Msifanye hivyo. Ukilazimika kuondoka mapema, mfuate, mshukuru, mpe chake.

Nina neno jingine ambalo hukuniuliza. Bakshishi huwapa waongozaji sababu ya kupendelea kisa kinachochekesha au kuliza mwishoni, pale mkono unapokaribia mfuko. Visa vya mabinti waliofungiwa vinazaliwa hapo. Kwa hiyo mpe zaidi yule aliyekujibu "hilo sina hakika nalo." Waongozaji hujifunza haraka kinachothaminiwa.

Nimegundua sehemu kubwa ya mji niliotembelea ilijengwa upya baada ya vita. Najiona nimetapeliwa.

Umetapeliwa ikiwa hawakukwambia. Ikiwa walikwambia nawe hukusikiliza, hilo ni lako.

Rothenburg hiyo hiyo ilipigwa mabomu tarehe 31 Machi 1945, na sehemu kubwa ya upande wake wa mashariki ni ujenzi wa baada ya vita. Mji wa kale wa Warsaw ulibomolewa karibu wote na Wanazi. Wapolandi wakaujenga tena, wakitumia pamoja na mengine michoro ya karne ya 18 ya Bernardo Bellotto, na mwaka 1980 UNESCO iliuingiza kwenye orodha ya Urithi wa Dunia kwa ajili ya ujenzi huo. Kasri la gavana la Williamsburg, Marekani, liliungua mwaka 1781. Hilo unaloingia leo lilifunguliwa mwaka 1934. Na mapaa yaliyochongoka ya minara ya Carcassonne, Ufaransa, yanayopigwa picha kuliko chochote pale, ni kazi ya msanifu Viollet-le-Duc wa karne ya 19, na wataalamu wamekuwa wakimlaumu kwayo tangu enzi hizo.

Mji uliojengwa upya unaeleza habari za watu wawili: waliojenga mara ya kwanza na waliokataa kuuacha ufe. Tatizo langu ni mwongozaji anayepita kwenye mshono akawaharakisha. Mwombe asimame hapo hapo, aeleze kipi kilibaki, kipi kilirudishwa, na aliyerudisha alifuata nini.

Kumdai mwongozaji ushahidi kwenye habari za utumwa si kuwakosea heshima waliouawa na kuuzwa?

Swali zito, na nakushukuru. Kuwakosea heshima ni kuwazulia, na zaidi ya hapo ni kuwanyamazia.

Tuanze na ukimya. Williamsburg katika karne ya 18, takriban nusu ya wakazi walikuwa Weusi, wengi wao watumwa. Kwa miongo kadhaa baada ya mji ule kukarabatiwa uwe makumbusho, wageni waliongozwa kwenye bustani, samani na vyombo vya fedha bila kuelezwa nani aliyekuwa akivisugua. Ni kuanzia mwaka 1979 ndipo waigizaji Weusi walipoanza kuwasimulia wageni maisha ya watu hao. Kwa hiyo popote mnapoonyeshwa nyumba ya tajiri, uliza: nani alichota maji? Alilala wapi? Tuonyeshe mlango wake. Mwongozaji asiye na jibu la hata moja kati ya hayo ameijua nusu ya nyumba.

Upande wa kuzidisha, mfano wake ni kisiwa cha Gorée, Senegal. Kwa miaka mingi wageni kwenye Nyumba ya Watumwa waliambiwa kwamba mamilioni walipitia mlango ule unaotazama bahari. Wanahistoria wanaofuatilia kumbukumbu za meli wanaona waliosafirishwa kutoka kisiwa kizima ni makumi ya maelfu. Bandari kama Luanda (Angola) na Ouidah (Benin) zilitoa watu wengi kuliko Gorée. Je, jinai imepungua? Haijapungua hata chembe. Mtu mmoja aliyevutwa na minyororo kupitia mlango anatosha kukufanya uvue kofia. Lakini tarakimu iliyovimba humpa mkanushaji mahali pa kushikilia, na akishaipata hiyo atataka kuyafuta na yaliyo ya kweli. Ndiyo maana nasisitiza ushahidi hapa kuliko penginepo.

Naweza kuwapiga picha wenyeji wakiwa milangoni kwao?

Omba kwanza. Ukikataliwa, shusha simu. Hallstatt, kijiji cha Austria chenye wakazi wasiofika 1,000, kilifikia mwaka 2023 kusimamisha uzio wa mbao ili kuziba mandhari ambayo wageni walikuwa wakijazana kujipigia picha. Watu wale walikuwa wanataka kulala.

Mwongozaji anayewahimiza mchungulie madirishani, muacheni njiani. Nasema hivi nikiwa namaanisha.

Mama yangu ana miaka 74 na magoti yanamsumbua. Anatamani kwenda. Nimwambie abaki?

Usimwambie abaki. Waandikie waongozaji mapema, na usiulize kama matembezi ni "mepesi," kwani kila mmoja atasema ndiyo. Waulize njia ina ngazi ngapi kwa hesabu, ina urefu gani, kuna mteremko wa mawe au hakuna, na kuna sehemu ngapi za kukaa. Matembezi ya saa mbili mara nyingi hayazidi kilomita 2 au 3. Kinachoumiza magoti ni kule kusimama dakika 15 mbele ya kila jengo, kuliko mwendo wenyewe. Kigoda chepesi cha kukunja kitamfaa mama kuliko kiti cha magurudumu juu ya mawe yasiyolingana. Kama mnaweza, mchukueni mwongozaji wa peke yenu, na mumwombe ageuze njia ili ianze juu na kuishia chini, au ikatwe nusu.

Na mwambie mwongozaji mapema kwamba mama ndiye atakayepanga mwendo. Nimemwona mmoja akifanya hivyo vizuri: alimkalisha bibi mmoja kwenye ngazi ya kanisa, kwenye kivuli, akakaa naye, akaeleza uwanja mzima kutoka hapo, jengo baada ya jengo, akinyoosha mkono. Sisi wengine tulisimama tukizunguka. Bibi yule ndiye aliyegundua kwamba saa ya mnarani ilikuwa na mshale mmoja.