Fidia ya aliyekufa ajalini: ni ya nani, na nani aishike?

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Kaka yangu amefariki kwa ajali ya basi barabara ya Usagara. Ameacha mke, mama yetu, wavulana wawili na binti mmoja, wote wadogo. Baba alishatangulia. Bima itatoa shilingi 24,000,000. Ukoo umenichagua nizipokee, na wazee wanataka tumalizie nyumba ya ukoo Igoma ili watoto wakae humo. Shemeji yuko eda, hakuwepo kikaoni. Inafaa?

JIBU: Wa alaykumus salaam warahmatullah. Mwenyezi Mungu amrehemu kaka yako na awape subira. Kumalizia nyumba ya ukoo kwa fedha hizo haifai, hata wazee wote wakiridhia, kwa sababu wanaoridhia siyo wenye mali.

Sura An-Nisaa aya ya 92 inaamuru diya (fidia ya damu) ya aliyeuawa kwa bahati mbaya ikabidhiwe ahali zake, yaani familia yake. Zamani ililipwa na jamaa wa aliyesababisha kifo, leo bima inalipa kwa niaba yake. Wanazuoni wanatofautiana kuhusu bima ya biashara yenyewe, lakini haki ya wafiwa iko palepale. Na fidia ya kifo ikilipwa kwa mkupuo bila kutajwa mlengwa, hugawanywa kama mirathi. Sayyidna Umar, khalifa wa pili, aliwahi kuona mjane hana fungu katika diya ya mumewe, mpaka sahaba Dhahhak bin Sufyan alipomweleza kuwa Mtume (s.a.w.) alimwandikia yeye Dhahhak amrithishe mke wa Ashyam katika diya ya mumewe. Umar akaiacha rai yake.

Kwanza lipeni madeni ya marehemu, ikiwemo mahari ambayo mkewe hajamaliziwa. Hili husahauliwa sana. Kisha wasia, kama aliacha, usizidi theluthi. Ikiwa hakuna deni wala wasia, mke anapata thumni (moja ya nane), shilingi 3,000,000. Mama sudusi (moja ya sita), 4,000,000. Zinabaki 17,000,000 za watoto, kila mvulana 6,800,000 na binti 3,400,000. Wewe na ndugu zako hamna fungu, kwa kuwa marehemu ana watoto wa kiume. Ila muulizeni shemeji kama ni mjamzito: akiwa na mimba, mgawanyo usubiri ajifungue.

Rambirambi ni jambo jingine. Hufuata nia ya mtoaji: aliyesema "ni ya watoto" ni ya watoto, aliyechangia chakula cha msiba ni ya msiba. Msizichanganye na fidia.

Sasa kuhusu wewe. Katika madhehebu ya Shafi, mlezi wa mali ya yatima ni babu mzaa baba, kisha aliyewekwa kwa wasia wa baba au babu huyo, kisha anayeteuliwa na kadhi. Ami, yaani ndugu wa baba yao, hawi mlezi wa mali kwa udugu peke yake. Kikao cha ukoo kinapendekeza tu. Anayeteua kwetu Tanzania Bara ni mahakama. Nendeni Mahakama ya Mwanzo na cheti cha kifo na muhtasari wa kikao, na mseme wazi kuwa marehemu aliishi Kiislamu ili sheria hiyo itumike. Ndani ya miezi minne tangu uteuliwe, msimamizi wa mirathi hurejesha orodha ya mali na madeni (Fomu Na. 5), na baadaye, kwa vipindi itakavyopanga mahakama, hesabu ya mapato, malipo na mgawanyo (Fomu Na. 6). Wengi hawazirudishi, na hapo ndipo mali ya yatima hupotea.

Eda isiwe kisingizio. Mjane anaruhusiwa kutoka mchana kwa haja kama ya mahakama, arudi alale kwake. Kikao kirudiwe naye akiwepo.

Fungu la kila mtoto liwe kwenye akaunti yake isiyo na riba, kutoa pesa kuhitaji saini mbili, yako na ya mama yao. Mkitaka kiwanja, mkataba uandikwe majina ya watoto. Mkitaka biashara, msikimbilie kukopesha wanunuzi wa dagaa pale soko la Mwaloni kwa maneno matupu. Mlezi mzembe hulipa hasara. Zaka nayo hutolewa katika mali yao kila mwaka ikifikia nisabu (kiwango cha chini cha mali kinachowajibisha zaka), asilimia 2.5. Umar alihimiza mali ya yatima ifanyiwe biashara isije ikaliwa na zaka. Kama una uwezo, usichukue ujira. Kama huna, kwa kadiri ya kazi, na uandike. Wakibaleghe na ukaona wana busara ya mali, wakabidhi mbele ya mashahidi (An-Nisaa, 6).

La mwisho ni hati ya kumaliza madai ambayo bima itakuletea. Isome yote, mpe na wakili aisome, usiharakishwe na kishoka anayetaka asilimia yake. Mtu mzima anaweza kusamehe fungu lake. Fungu la mtoto halisamehewi na yeyote. Ukikubali kidogo bila sababu ya kisheria, saini yako imekata haki ya yatima, na kilichopungua utakuja kudaiwa wewe.

Wallahu aalam.