Kwa mnaoanza kukusanya masimulizi Ugogo

Wadogo zangu mnaokuja mafunzo kwa vitendo vijijini huku Dodoma, msiende wakati wa palizi. Januari mtu ana jembe mkononi; atakujibu kwa adabu ili uondoke. Nenda baada ya mavuno, sema "mbukwenyi", salamu ya Kigogo, kaa. Simu ya kurekodia ibaki mfukoni mpaka uruhusiwe.

Hayo madogo. Kubwa ni hili: usikimbilie kupima kama kisa ni cha kweli. Angalia kwanza kinafanya kazi gani pale kinaposimuliwa.

Chukua Mtunya, njaa ya 1917 hadi 1920. Vitabuni utasoma kwamba majeshi ya Wajerumani, kisha ya Waingereza, yalichukua ng'ombe, nafaka na vijana wa kubeba mizigo, na mvua nazo zikakosekana. Bibi mmoja wa Chamwino, niliyemkuta akipepeta uwele, hakutaja jeshi hata moja. Alitaja kaya, kama alivyozisikia kwa mama yake: hawa walikula kwa wale, wale walifunga mlango, binti wa fulani aliachwa kwa watu akaolewa hukohuko. Kila akitaja jina, ungo unasimama. Kumbe ananieleza kwa nini mpaka leo huyu anamwita yule mjomba, na kwa nini nyumba ile haiombwi mbegu. Mtu hasimulii ili kukumbuka tu. Anasimulia ili wajukuu wajue nani ana deni kwa nani.

Yapo pia masimulizi yanayosemwa mbali na wahusika. Utani wa Mgogo na kuombaomba mmeusikia, kwenye basi la Dar hakosi wa kuurudia. Sasa someni wasafiri wa karne ya 19, akina Burton na Stanley. Wao walilalamika kwamba watemi wa Ugogo waliwatoza hongo nzito, yaani ushuru wa njia, nguo na shanga, ndipo msafara upite na kupata maji. Watu ni walewale! Katikati hapo kuna Mtunya, na mwenye utani huiruka. Akishaamini umaskini ni tabia ya kabila, hana haja ya kuuliza ng'ombe walikwenda wapi. Mimi utani huo siucheki tena, ingawa utani wa wenyewe kwa wenyewe naupenda sana.

Kwenye daftari andikeni pia nani alikuwa amekaa pale. Babu akiwa na wajukuu husimulia vingine kabisa kuliko mwenyekiti wa kitongoji akiwa pembeni. Rudi siku ambayo mwenyekiti hayupo, uombe kisa kilekile.