Uanze kuandika au kutayarisha?

Mdogo wangu, unauliza kama uingie kwenye vichekesho vya runinga vya Marekani kwa kuandika, au usomee utayarishaji kwanza. Andika! Kule mwandishi ndiye anayepanda ngazi mpaka kuwa mtayarishaji. Mtazame Mindy Kaling, mwandishi na mwigizaji wa vichekesho wa Marekani: tamthilia ya jukwaani aliyoandika na rafiki yake ilimfungulia mlango wa The Office, kipindi cha vichekesho kilichoanza kuonyeshwa 2005. Mwanzoni alikuwa mwanamke pekee kwenye chumba cha waandishi, akapanda humo humo hadi mtayarishaji mkuu, na 2012 akaanzisha kipindi chake.

Maliza skripti moja ya nusu saa, kurasa 30 hivi, na msomaji acheke kabla hajafungua ukurasa wa pili. Wazo tu kila mtu analo. Maelekezo ya kamera usiyajaze, mwachie mwongozaji.