Kabla Hujashika Kamera ya Televisheni

Vijana wanaoniuliza namna ya kuingia kwenye timu ya kamera karibu wote huanza na mashine: ninunue ipi? Mimi huwaambia watafute kwanza hedifoni nzuri. Mtazamaji atavumilia picha yenye kiza kidogo, lakini sauti ikikwaruza anahamia chaneli nyingine. Na kazi hii, hasa ya matangazo mubashara, inaanzia masikioni.

Nilianza kwa kukunja waya. Msimu mzima wa ligi nilikuwa nyuma ya mpiga picha wa pembeni mwa uwanja, namlegezea kebo akisogea, naikusanya akirudi. Hapo ndipo nilipozoea sauti ya mwongozaji. Yeye amekaa ndani ya gari la matangazo, uwanja hauoni. Anaona kile tu mnachompa. Akisema "mbili, nipe kocha," yaani anaiita kamera namba mbili, kocha anatakiwa awe kwenye fremu sasa hivi, fokasi imetulia. Anayeitwa tena kazini ni yule aliyemwona mchezaji wa akiba anafunga kamba za viatu akamweka kwenye fremu kabla hajaombwa. Kwa hiyo ukipewa waya, usinung'unike. Sikiliza.

Kwenye mahojiano ni vilevile. Mtu akimaliza kujibu, usizime haraka; mara nyingi neno zito analitoa baada ya kunyamaza kidogo.

Sisi wa pwani tuna shida yetu, unyevu. Ukitoka kwenye gari lenye kiyoyozi ukaifungua kamera pale Feri, Dar es Salaam, saa tano asubuhi, lenzi inashika ukungu papo hapo. Ukiifuta, ukungu unarudi. Iache ndani ya begi lililofungwa nusu saa hivi, ipate joto polepole, maana yake ufike mapema kuliko mhojiwa wako. Na taa za ukumbini zikionekana kuchezacheza kwenye kioo, weka shata, yaani muda ambao kamera inapokea mwanga kwa kila picha, iwe 1/50 ya sekunde, kwa sababu umeme wetu ni wa hezi 50.

Msome pia Mohamed Amin, mpiga picha mzaliwa wa Nairobi aliyeanzisha kampuni ya picha ya Camerapix hapa hapa Dar es Salaam mwaka 1963. Picha zake za njaa ya Ethiopia mwaka 1984 ziliigusa dunia ikachanga misaada. Mwaka 1991 alipoteza mkono Addis Ababa, akafungiwa wa bandia, akarudi kushika kamera. Namheshimu mno mtu yule.

Kuhusu pesa, jiandae: wengi wetu ni deiwaka, vibarua wa kulipwa kwa siku. Kuna kituo kilichokaa na malipo yangu miezi mingi kwa sababu tulikubaliana kwa mdomo tu. Siku hizi, kabla sijapanda gari, nataka ujumbe wa maandishi unaotaja kiasi, tarehe ya kulipwa, nauli ya kurudi nyumbani usiku, na nani atagharamia kifaa kikiharibika kazini.